Bibi Alilala Nje

Mlingoti ulikatika kwa mlio mmoja mkavu, na tanga lote likawashukia kichwani.

Gari la upepo lilikuwa likikimbia juu ya uwanda wa chumvi kwa kasi ya kutisha. Shemeji alikuwa amesimama mbele, mkono mmoja umeshika usukani na mwingine ukipunga hewani, anasimulia habari za jirani yake aliyeoa pacha kwa makosa. Hakufika kwenye kichekesho. Gurudumu la kushoto liliingia kwenye ufa, gari likanyanyuka upande, likabinuka, na pipa la maji likapasuka pale pale. Chumvi iliyanywa maji yote kabla vumbi halijatulia.

Mwokaji alijikuta kifudifudi, kinywa kimejaa chumvi, sikio moja linavuma. Kitu cha kwanza alichotafuta hakikuwa shemeji yake. Alitafuta blanketi. Alitambaa kati ya mbao na kamba mpaka akalipata bunda lake, mablanketi matatu yaliyofungwa kwa mkanda, akapenyeza mkono katikati na kusikia uvuguvugu. Ndipo akashusha pumzi.

"Shemeji," sauti iliita kutoka chini ya tanga, "ukishamaliza kumpapasa huyo, kuna mtu hapa mguu wake umeelekea upande usio wake."

Ndani ya yale mablanketi alikuwamo Bibi, na Bibi alikuwa jiwe. Kama hujapata kuishi nyumba moja na jiwe hai, usicheke upesi. Katika nchi ile kila tanuri la mikate lilikuwa na lake, limelala chini ya sakafu ya kuokea, uzito wa mtoto aliyekwisha jua kutembea, rangi ya maini, na mishipa myembamba ya manjano ikipita ndani yake. Lilikula jivu na chumvi. Ukilipa moto kidogo alfajiri, lilikurudishia joto kutwa nzima. Likishiba lilitoa mlio mdogo, tik, tik, tik, na watoto wa nyumbani walilala usingizi kwa mlio huo. Kila usiku lilisogea upana wa ukucha, na asubuhi mtu alilirudisha mahali pake kwa koleo. Huyu Bibi alikuwa tanurini tangu kabla mama yake mwokaji hajazaliwa, na hakuna aliyekumbuka nani alimpa jina.

Tangu mvua zilizopita Bibi alikuwa anafifia. Mishipa ilizimika mmoja baada ya mwingine, mlio ukakatika, na mkate ukawa unatoka na ganda nje na ujiuji ndani. Wateja walinuna kwanza, kisha wakahamia kwa wengine. Mdogo wake mwokaji, aliyekuwa akiuza dirishani, alisema ni heri watafute jiwe jingine. Mwokaji alimkata jicho, na neno hilo halikurudiwa tena. Watu wa kazi hiyo walijua dawa moja tu: jiwe linaloumwa lipelekwe uwandani, likatafutiwe wenzake, lilazwe kati yao siku kadhaa wapeane joto, kisha lirudishwe. Ila lisipigwe baridi njiani. Baridi ndiyo inayoliua, na hilo kila mwokaji alilinyonya na maziwa ya mama. Kwa hiyo mume wa mdogo wake, ambaye zamani alikuwa akibeba chumvi, alitoa gari lake la upepo, na mwokaji akampakia Bibi pamoja na mablanketi, jiko dogo la makaa na moyo unaodunda. Bibi akifa, tanuri limekufa, na nyumba nzima ilikuwa ikila kwa tanuri lile.

Sasa gari lilikuwa miguu juu, na mfupa wa shemeji ulikuwa umevunjika chini ya goti.

Mwokaji aliunyoosha mguu kwa nguvu zile zile anazokandia unga. Shemeji alipiga ukelele, akataja majina ya mababu zake wote, kisha akazimia. Mwokaji akauweka kati ya mbao mbili na kuufunga kwa vipande vya tanga. Alipozinduka, mwokaji alikuwa amekwisha kukusanya kilichobaki: kiriba kimoja cha maji kisichojaa, mikate mikavu, kamba, shoka, jiko dogo, mbao chache za kuni, na ubao wa nyuma wa gari uliokuwa mzima.

"Nyumbani ni kule jua linakozama," alisema shemeji. "Kwa gari ni mwendo mfupi. Kwa miguu sijui. Sijapata kuwa mjinga kiasi hicho."

"Kaa juu ya ubao."

"Na huyo?"

"Na huyo atakaa nawe. Mshike vizuri."

Alifunga kamba kwenye ubao, akaipitisha mabegani, akavuta. Chumvi ilikuwa ngumu, uso wake umesawazika, ubao ukateleza. Palipokuwa na matuta alirudi nyuma akainua, akatukana, akavuta tena. Uwanda ulikuwa mweupe kila upande, bila mti, bila ndege, bila hata kivuli cha kusingizia. Macho yalimwuma. Alijifunga kitambaa usoni akaacha upenyo mdogo wa kuonea.

Hakuweza kukaa. Jua lilipokuwa kali walijibanza chini ya kipande cha tanga, na shemeji alilala, lakini yeye alisimama, akachuchumaa, akasimama tena, akaenda kutazama kama kamba imelika, akarudi kumgusa Bibi. Mikono yake ilizoea kuwa na kazi tangu kabla hakujapambazuka. Alikuwa akiwaza unga uliobaki ndani ya pipa, dirisha lililofungwa, mdogo wake akiwaambia watu waje kesho, waje kesho. Kila alipokaa mawazo hayo yalimpanda kichwani.

Jioni baridi ilishuka kwa ghafla kama kawaida ya uwanda. Mwokaji alipasua mbao za gari alizobeba, akawasha jiko dogo, akalisogeza ubavuni pa Bibi, akafunika vyote kwa mablanketi. Shemeji alitazama moshi kidogo uliokuwa ukipenya.

"Shemeji, hizo kuni ungeziwasha mchana, zitoe moshi, pengine wachonga chumvi wangetuona."

"Wachonga chumvi umewaona wapi?"

"Sijawaona. Ndiyo maana nataka wao watuone."

"Bibi akipoa amekufa."

"Na mimi nikipoa?"

"Wewe una mdomo. Utapata joto kwa kusema."

Alicheka, na mwokaji naye akacheka kidogo, lakini wote wawili walijua si mchezo. Waliyanywa maji kwa kifuniko. Asubuhi mwokaji alivuta tena, na siku iliyofuata akavuta tena, midomo imepasuka, mabega yametoka damu pale kamba ilipopita. Kila jioni aliwasha jiko. Kila asubuhi alimfunua Bibi pembeni kidogo tu, akaona mshipa mwingine umezimika, akamfunika upesi na kujiambia kwamba hakumpa joto la kutosha.

Kisha kuni zikaisha. Kiriba nacho kilibaki na maji ya kulowesha ulimi. Mguu wa shemeji ulivimba ukawa mwekundu mpaka pajani, na yeye aliyekuwa na neno kwa kila jambo akaanza kusema ovyo. Alimwita mwokaji kwa jina la mkewe. Alimwomba afunge dirisha. Jua lilipozama alitetemeka hadi ubao ukagonga chini, meno yakalia.

Mwokaji alimfunika kwa tanga. Haikusaidia kitu. Akamvua Bibi blanketi la kwanza na kumfunika nalo shemeji. Akamvua la pili. Shemeji aliendelea kutetemeka, ngozi imepauka, pumzi fupi fupi.

Lilibaki moja.

Alizunguka ubao mara nyingi, hana hesabu, huku akisema peke yake. Alimwona mdogo wake dirishani akimngoja mume. Alimwona mama yake ameinama mbele ya tanuri, akimlisha Bibi jivu kwa kijiko na kumsalimu kama mtu. Alikasirika: alimkasirikia shemeji kwa kuendesha mkono mmoja, akaukasirikia uwanda, akajikasirikia mwenyewe zaidi ya wote. Halafu alipiga magoti, akafungua mkanda, akalitoa blanketi la mwisho.

"Nisamehe, Bibi," alisema. "Huyu ana mtu anayemngoja."

Alimweka Bibi juu ya chumvi tupu, mbali kidogo, maana hakuweza kumtazama. Alijiingiza chini ya mablanketi, akamkumbatia shemeji yake kwa nguvu ili ampe joto lake, akalia bila machozi kwa sababu mwilini hamkuwa na maji ya kutosha. Alilala kwa uchovu tu.

Alfajiri aliamshwa na mlio. Tik. Tik, tik.

Alidhani ni meno ya shemeji. Aliinua kichwa. Jiwe lilikuwa linameta. Alilisogelea kwa magoti, akanyoosha mkono, na mkono ukarudi umelowa. Bibi alikuwa ametota. Umande ulikuwa umemganda mwili mzima, matone yakikutana, yakishuka kwenye mifereji midogo ya mgongo ambayo mwokaji aliijua tangu utoto na kudhani ni makovu ya uzee. Chini yake palikuwa na kidimbwi. Aliinama akalamba. Maji yalikuwa baridi, tena hayana chumvi hata chembe, maana chumvi Bibi alikuwa ameila. Na ndani ya ile rangi ya maini mishipa ilikuwa inawaka, mitatu, minne, hata ile iliyozimika tangu mvua.

Alikaa kitako. Baridi haikumwua. Baridi ndiyo iliyokuwa riziki yake. Hakuna mwokaji aliyewahi kuthubutu kulilaza jiwe lake nje peke yake hata usiku mmoja, kwa mapenzi, na kwa mapenzi hayo hayo walikuwa wakiyakausha mawe yao kizazi baada ya kizazi. Yeye mwenyewe alikuwa amemfunga mablanketi matatu na kumwashia moto ubavuni, mgonjwa wa kiu. Aliona haya, haya ya kweli, akaficha uso mikononi. Kisha akakumbuka kuwa ana mgonjwa mwingine, akakimbia na kitambaa.

Alikilowesha na kumkamulia shemeji mdomoni, akarudi, akakilowesha tena. Alipomaliza kukausha mgongo wote wa Bibi, shemeji alifumbua macho.

"Umeyapata wapi?"

"Kwa Bibi."

Shemeji alijigusa paji la uso. "Shemeji, mimi ndiye mwenye homa."

Ndipo mwokaji alipoona alama. Nyuma ya Bibi, juu ya chumvi, kulikuwa na mfuo mrefu wa mkono mzima, umenyooka. Nyumbani alisogea upana wa ukucha. Usiku ule mmoja alikuwa ametembea, na hakuelekea nyumbani. Alielekea upande wa kushoto, ambako uwanda uliinama kidogo sana, hata jicho lilikuwa halitambui.

"Maji yake hayatutoshi wawili," alisema mwokaji. "Tukifuata jua, tutafika maiti. Huyu anakwenda kwa wenzake. Wakiwa wengi, maji yatakuwa mengi."

"Wakiwapo."

"Wakiwapo."

Shemeji alipangusa midomo. Hakufanya mzaha. "Mimi ni mzigo tu. Mzigo hauchagui njia. Nenda anakokwenda."

Mwokaji alipiga moyo konde, akaligeuzia jua ubavu, akavuta. Sasa Bibi alikaa wazi juu ya ubao. Kila jioni alimshusha chini bila blanketi, na kila alfajiri aliyakuta maji, na mfuo mpya uliomwonyesha njia, mrefu kuliko wa jana. Maji yale yaliwaweka hai, basi. Hayakuwashibisha. Mwokaji alianza kuanguka. Alikuwa akianguka, anajilaumu kwa kuanguka, anainuka. Shemeji alijisukuma kwa mikono nyuma ya ubao pale penye matuta, akiuma meno, mpaka viganja vikachubuka. Usiku, kabla ya kulala, shemeji alimpigapiga Bibi mgongoni kwa kiganja na kusema, "Lala salama, mama."

Walisikia kabla ya kuona. Ilikuwa asubuhi, ukungu mwepesi umelala chini, na ndani ya ukungu kulikuwa na mlio wa tik tik usio na mwisho. Bibi alijibu. Uwanda ulishuka ghafla ukawa bonde la duara, na bondeni yalikuwamo mawe hai, mamia, mengine madogo kama ngumi, mengine makubwa kuliko tanuri lenyewe, kila moja limeegemea jingine. Mishipa yao iliwaka kwa zamu, upande huu kisha upande ule. Umande uliwatiririka, ukapita jiwe hata jiwe, ukakusanyika katikati katika kidimbwi cheupe kisafi.

Mwokaji alimburuta shemeji hadi ukingoni na wote wawili wakatumbukiza nyuso. Walikunywa, wakatapika, wakanywa tena polepole. Aliuosha ule mguu. Alikula kipande cha mkate kilicholowa, na kilikuwa kitamu mno. Bibi alikuwa ameshushwa karibu na jiwe moja la makamo. Alipogeuka kumtazama, walikuwa wamekwisha kugusana.

Walikaa pale mpaka homa ya shemeji ikashuka na ulimi wake ukarudi kazini. Alikuwa wa kwanza kuiona mikokoteni, vidoa vyeusi vinavyovutwa na punda, inakuja moja kwa moja.

"Wachonga chumvi," alisema. "Kumbe hapa ndipo wanapochota maji yao! Miaka yote ile nilibeba chumvi yao, na kila nilipouliza walibadili habari." Furaha ikamtoka usoni. "Shemeji, nisikilize. Hawa hawagusi jiwe la porini, hata kidogo. Ila jiwe lililozoea moto ni jingine. Likiwa na mwenyewe, mwenyewe aondoke nalo. Akiliacha, wanalichukua wao, wakaliweke chini ya masufuria ya kuchemshia chumvi. Nimeyaona masufuria hayo. Moto hauzimwi mchana wala usiku."

Mwokaji alimtazama Bibi. Upande mmoja alikuwa mweusi tii kwa masizi ya maisha yake yote tanurini. Hata kipofu angejua alikotoka.

"Amepona," shemeji alisema taratibu. "Tunaweza kurudi naye. Sasa tunajua kumlaza nje."

Ni kweli. Alikuwa amekuja kwa ajili hiyo tu: apone, arudi, tanuri liwake, wateja warudi dirishani. Angemlaza uani kila usiku. Na kila alfajiri angemwinua kwa koleo na kumrudisha motoni, kutwa, peke yake, na hapa alikuwa anapigiwa mlio na mamia wanaomjibu. Mikokoteni ilikuwa karibu kiasi cha kusikia punda wakipumua.

Aliinuka, akamkumbatia Bibi kwa mikono yote miwili, akambinua, upande wa masizi ukaingia chini kwenye chumvi. Akamsukuma tena, abanane na yule wa makamo. Kisha akasimama mbali naye, mikono nyuma.

Msimamizi wa wachonga chumvi alikuwa mama mnene mwenye sauti ya kukwaruza, asiyependa salamu ndefu. Alitazama mguu, akatazama ubao, akawaambia watu wake wamwinue mgonjwa.

"Mnatoka mjini na gari la upepo, mpaka huku," alisema. "Hakuna anayekuja huku bila jiwe. Lipi lenu? Tulipakie."

Mwokaji aliyatazama mawe yote. Alimwona Bibi mara moja.

"Letu lilivunjika gari lilipobinuka," alisema. "Hatukufika nalo."

"Lilivunjika." Yule mama alikaribia, akamkamata kifundo cha mkono, akamgeuza kiganja. Kilikuwa cheusi. "Na haya masizi?"

Mwokaji alijaribu kuuvuta mkono wake.

"Mama, huyo ni mwokaji," shemeji alidakia kutoka juu ya mkokoteni. "Mimi nimeoa kwao. Hata ukimchemsha na sabuni hatakati. Siku ya harusi yangu alinipa mkono wa pongezi, nikapigwa picha na kanzu ina vidole vitano vyeusi kifuani. Mke wangu mpaka leo ananiuliza ni vya nani."

Watu wa mikokoteni waliangua kicheko. Msimamizi aliendelea kumshika mwokaji mkono. Macho yake yalizunguka bonde taratibu, yakapita juu ya lile jiwe la makamo na mwenzake, yakarudi.

"Haya, panda," alisema, akamwachia. "Jua linapanda."

Mikokoteni iligeuza. Mlio wa mawe ulipungua nyuma yao, na mwokaji aliushika kwa masikio hadi hakujua tena kama anausikia au anaukumbuka.

"Sikuwa na kanzu siku ile," shemeji alinong'ona.

"Najua."

"Tutaoka na nini?"

"Na kuni."

"Mkate utachelewa. Tena tutaoka nusu."

"Tutaoka nusu."

Shemeji alimwekea mkono begani, pale kamba ilipomchubua, akauweka polepole asimwumize. Ndipo machozi yakaja, mengi, maji ya Bibi yote aliyokunywa. Mwokaji alilia kwa sauti mbele ya watu asiowajua, hakujificha, mpaka uwanda ukaisha na udongo ukaanza.